HESABU YA HERUFI IFUNDISHWE KWA MIZANI



Jioni tukiketi nje ya landi baada ya kazi, neno moja husikika mara kwa mara: "Hesabu ya herufi mimi siiwezi." Husemwa na mtu aliyefanya kazi ya njia miaka mingi, ambaye akipita kwa miguu aona kwa macho tu kwamba reli imezama, na ajua ni karai ngapi za kokoto zitakazoiinua. Mtu huyo huyo, mtoto wake akimletea daftari lenye x, hulifunga na kusema, "Kamuulize mwalimu wako." Kisha huinuka akaenda dukani kununua kitu asichokihitaji, mradi asiulizwe tena.

Sisi twasema kwamba jambo hilo si la kuchekesha. Latugharimu fedha katika bahasha ya mshahara, latugharimu vyeo wakati wa mtihani wa kupandishwa daraja, na latugharimu heshima mbele ya watoto wetu. Tena twasema kwamba dawa yake ipo, nayo haihitaji fedha nyingi: ni mizani, vifuko vichache, na vizibo vya chupa. Chama chetu chaweza kuianza dawa hiyo mwezi huu kikitaka.

Kwanza tuseme ugonjwa ulitoka wapi. Wengi wetu tulisoma shule za misheni, tukamaliza shule ya msingi, tukaishia hapo kwa sababu ya karo. Twawashukuru waliotufundisha kusoma na kuandika. Lakini hesabu hii tulipewa kinyumenyume. Mwalimu aliandika ubaoni x + 5 = 12, akasema, "Namba ikivuka kwenda ng'ambo hubadili ishara." Tuliyakariri maneno hayo kama katekisimu. Hapakuwa na mtu aliyeuliza kwa nini namba ivuke, wala ni nani aliyeibadilisha njiani, kwa kuwa aliyeuliza sana alichapwa. Basi tukatoka shuleni na sheria isiyo na maana, na sheria isiyo na maana ni kama ufunguo usio na kitasa.

Tazameni matunda yake. Mwandikie mtu aliyekariri hivyo 3x = 12. Wengi watavusha ile 3, wabadili ishara, waandike 12 toa 3, x ni 9. Hawaoni kosa kwa kuwa wamefuata sheria waliyopewa. Lakini mwambie mtu yule yule: "Vifuko vitatu vilivyo sawa vina vizibo 12 kwa jumla. Kifuko kimoja kina vingapi?" Atajibu vinne kabla hujafunga mdomo. Hesabu ni ile ile, na mtu ni yule yule. Tofauti ni kwamba mara ya kwanza aliulizwa juu ya herufi, na mara ya pili aliulizwa juu ya kitu. Hayo ndiyo yote tunayotaka kusema leo: kianze kitu, herufi ifuate.

Mizani yenyewe hutengenezwa hivi. Tafuta ufito ulionyooka, wa urefu wa mkono. Toboa tundu katikati kabisa, pitisha uzi, uutundike kwenye msumari. Kila mwisho wa ufito tundika kifuniko cha kopo kwa nyuzi tatu, na vifuniko vyote viwili viwe vya aina moja. Ukiona upande mmoja umelala wakati hakuna kitu, sogeza uzi wa katikati kidogo kidogo mpaka ufito ulale sawa. Shona vifuko kumi vya kitambaa chepesi, vyote vya kipimo kimoja. Kusanya vizibo vya chupa za soda, vya aina moja, maana hivyo uzito wake ni mmoja. Kuna mwenzetu aliyetaka tutumie nati. Twamkumbusha kwamba nati za reli ni mali ya umma, nasi twapenda kufundisha hesabu bila kufukuzwa kazi.

Sasa mwalimu ajifiche. Atie vizibo 4 katika kila kifuko kati ya vifuko viwili, avifunge, wala asimwambie mtu. Aviweke upande wa kushoto pamoja na vizibo 3 vilivyo wazi. Upande wa kulia aweke vizibo 11. Mizani haitalala sawa bado, kwa sababu kitambaa nacho kina uzito wake. Basi aongeze vifuko viwili vitupu upande wa kulia ili kitambaa kikabiliane na kitambaa. Hapo ufito utatulia. Waambieni wanafunzi: "Bila kufungua kifuko, tujue ndani mna nini."

Mwanafunzi asiambiwe jibu. Aulizwe: "Nikiondoa vizibo vitatu huku kushoto, kutatokea nini?" Atasema kulia kutashuka. "Nifanye nini ufito utulie tena?" Atasema uondoe vitatu na kulia pia. Basi vimebaki vifuko viwili kushoto na vizibo 8 kulia. Gawa kila upande mara mbili. Kifuko kimoja ni vizibo 4. Fungueni mhesabu. Watu wazima waliokomaa kazini hucheka kama watoto kifuko kinapofunguliwa na vizibo vikatoka vinne kamili, nasi twakiri kwamba tulicheka pia.

Baada ya hapo ndipo uandike ubaoni: 2x + 3 = 11. Chini yake: 2x = 8. Chini yake tena: x = 4. Kila mstari ni picha ya mizani ilivyokuwa wakati ule. Hakuna namba iliyovuka mto wala iliyobadili ishara. Ile 3 iliondolewa pande zote mbili, basi.

Jaribuni pia hesabu yenye vifuko pande zote mbili: vifuko 3 na vizibo 2 kushoto, kifuko 1 na vizibo 10 kulia, na vifuko vitupu viwili kulia vya kusawazisha kitambaa. Kwa herufi ni 3x + 2 = x + 10. Mwanafunzi wa ubaoni huiogopa hii kuliko zote. Mwanafunzi wa mizani huondoa kifuko kimoja kushoto na kimoja kulia, aone vimebaki viwili na vizibo 2, mkabala na vizibo 10. Aondoe viwili viwili: vifuko viwili ni vizibo 8, kimoja ni 4. Kisha arudishe jibu mwanzoni kuhakikisha: mara tatu nne ni 12, ongeza 2, ni 14, upande wa pili 4 na 10, ni 14. Kazi ya njia haiachwi kabla ya kukaguliwa, na hesabu vivyo hivyo.

Sisi watu wa reli hatuna udhuru wa kutofahamu jambo hili. Alama ya sawa, ile mistari miwili mifupi, ilitungwa na mtu wa Wales, Robert Recorde, katika kitabu kilichotolewa London mwaka 1557. Alichagua mistari miwili inayokwenda sambamba kwa kuwa hakuona vitu viwili vinavyoweza kuwa sawa kuliko hivyo. Mtu wa njia akiitazama alama hiyo aona reli mbili. Reli yetu ya zamani, iliyoanza kujengwa kutoka Mombasa mwaka 1896, ikafika Nairobi 1899 na Kisumu 1901, upana wake ni milimita 1000. Ile mpya iliyofunguliwa kati ya Mombasa na Nairobi mwaka 2017 ni milimita 1435. Upana ni mbalimbali lakini sheria ni moja, kwamba kipimo kikikataa mahali pamoja, gari liko hatarini. Tena kwenye njia iliyonyooka, ukiinua reli moja kwa kokoto, sharti uinue na ya pili kwa kiasi kile kile. Kwenye kona twaiinua reli ya nje makusudi, lakini mlinganyo hauna kona. Ufanyalo upande mmoja, ulifanye na upande wa pili.

Sasa tuje kwenye fedha, maana tunajua wako watakaouliza: chama cha wafanyakazi na vizibo vya chupa wapi na wapi?

Shemeji wa mmoja wetu alikuwa kibarua kwa kontrakta ambaye hatutamtaja. Walipatana shilingi 90 kwa saa. Jumamosi moja alikuja landini na bahasha mkononi, akasema, "Ndugu zangu, naona kama fedha hizi si zote, lakini sijui kosa liko wapi." Ndani mlikuwa na shilingi 4,880, na kipande cha karatasi kinachosema amekatwa shilingi 250 za sare na viatu. Hapakuandikwa kitu kingine. Wiki hiyo alifanya kazi siku 6 za saa 8, akaongeza saa 4 za ovataimu, na Jumapili iliyotangulia aliitwa kwa saa 5.

Tulimwaga maharagwe mezani. Harage moja ni saa moja kavu, yaani kifuko kimoja ambacho hatujui kililipwa kiasi gani. Kwa siku sita tuliweka maharagwe 48. Kwa kanuni ya jumla ya mishahara katika Kenya, saa ya ziada ya siku ya kazi hulipwa kama saa moja na nusu, na saa ya siku ya mapumziko au ya sikukuu hulipwa kama saa mbili. Basi kwa saa 4 za ovataimu tuliweka maharagwe manne na nusu nne zilizopasuliwa kwa kisu, jumla sita. Kwa saa 5 za Jumapili tuliweka kumi. Yote pamoja ni maharagwe 64. Upande wa pili tuliweka zile 4,880, tukakumbuka kwamba 250 zilikwisha kuondolewa, basi tukazirudisha pande zote mbili. Maharagwe 64 yakawa mkabala na shilingi 5,130.

Tuligawa. Harage moja likatoka shilingi 80 na senti 16 hivi. Mapatano yalikuwa 90. Sasa tulijua kwamba kuna kosa, lakini ni kosa gani? Ndipo mke wa mwenzetu mmoja, auzaye maharagwe sokoni na ambaye alikuwa akitutazama kwa sababu maharagwe yalikuwa yake, akasema, "Hebu ondoeni zile nusu, na zile za Jumapili mziweke moja moja." Tukafanya hivyo. Yakabaki maharagwe 57. Tukagawa 5,130 kwa 57, ikatoka 90 kamili bila senti kubaki. Hapo kila mtu alinyamaza. Karani alikuwa amelipa ovataimu kama saa kavu na Jumapili kama siku ya kazi. Maharagwe saba yalipotea, mara 90, ni shilingi 630 kwa wiki moja.

Jumatatu shemeji alikwenda ofisini. Hakupiga kelele wala hakutukana mtu. Aliweka karatasi yenye mistari minne mezani: 48, 6, 10, na jumla yake. Karani aliisoma mara mbili, akasema ni kosa la kuandika, akalipa zile 630. Lakini shemeji alipouliza juu ya wiki 10 zilizotangulia, aliambiwa, "Leta saa zako." Hakuwa nazo, kwa kuwa hakuziandika. Alijua tu kwamba alifanya kazi sana. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi twaongeza kwamba daftari bila hesabu ni nusu ya dawa, na hesabu bila daftari ni nusu ya pili.

Msidhani kwamba jambo tunalolitaja ni la kubahatisha au la kigeni. Neno aljebra lenyewe latoka katika kitabu cha Muhammad bin Musa al-Khwarizmi, mtu wa Baghdad, aliyekiandika katika utawala wa Khalifa al-Ma'mun, uliokwisha mwaka 833. Hakutumia x hata moja. Alieleza kila hesabu kwa maneno, na namba asiyoijua mara nyingi aliiita kwa neno la Kiarabu lenye maana ya "kitu". Wala hakuandika kwa ajili ya mabwana wa vyuo peke yao. Alitaja mirathi, biashara, mashauri, kupima mashamba na kuchimba mifereji, na sehemu kubwa ya kitabu chake yahusu kugawa urithi. Alikuwa na njia mbili kuu. Ya kwanza ni al-jabr, kurudisha kilichopunguzwa, kama mganga anavyorudisha mfupa ulioteguka. Ndivyo tulivyozirudisha zile 250. Ya pili ni al-muqabala, kukabilisha pande mbili na kuondoa kilicho sawa huku na huku. Mswahili aisikiapo hiyo hahitaji kamusi, maana sisi wenyewe twasema kukabili na mkabala, na asili ya maneno hayo ni moja.

Na wataalamu wa siku za karibu nao waliona hivyo hivyo. Jerome Bruner wa Marekani, katika kitabu chake cha mwaka 1966, alieleza kwamba mtu hufahamu kwa hatua tatu: kwanza kwa kutenda na mikono, pili kwa picha, tatu kwa alama. Yeye na Zoltan Dienes walikuwa wamewafundisha watoto wa miaka 8 kwa vibao vya mbao na mizani hesabu ambazo kwa kawaida huachiwa wanafunzi wakubwa. Ikiwa mtoto wa miaka 8 aweza, gadi wa gari la moshi aweza.

Hatutaki kuwadanganya kwamba mizani hufanya kila kitu. Kuna mahali hukwama. Andika x + 5 = 3. Ni kifuko gani ukikiongeza vizibo vitano uzito wake hupungua? Hakipo. Hapo tundikeni ufito ukutani, mchore mizani kwa chaki sakafuni, mgeuze vizibo. Kizibo kilichotazama juu ni shilingi iliyo mkononi. Kilichofunikwa ni shilingi ya deni. Kimoja cha juu kikikutana na kimoja kilichofunikwa, vyote viwili huondoka, kwa sababu shilingi moja hulipa deni la shilingi moja. Sasa wekeni madeni matano kila upande. Kushoto, madeni matano yamezimaliza zile shilingi tano, kifuko kimebaki peke yake. Kulia, shilingi tatu zimelipa madeni matatu, na madeni mawili yamebaki. Basi ndani ya kifuko mna deni la shilingi mbili. Je, ni ajabu? Mtu mwenye deni la shilingi 2 akipewa 5, hubaki na 3. Sote tumewahi kuwa huyo mtu, hasa tarehe za mwisho wa mwezi.

Tena mizani si ya kukaa nayo milele. Namba zikiwa kubwa, hakuna kifuniko cha kopo kitakachobeba 5,130. Hata siku ile ya bahasha hatukutundika ufito. Maharagwe yalikuwa picha tu. Mwanafunzi akiweza kusema mizani ingefanya nini bila kuigusa, mwacheni achore. Akiweza kuchora, mwacheni aandike. Aliyefika hapo ameijua x, wala hataisahau, maana akipotea aweza kurudi kwenye mizani kichwani mwake na kuuliza, "Je, ufito ungetulia?" Yule aliyekariri sheria tu hana pa kurudia.

Sasa tuwajibu wapinzani, nao ni ndugu zetu.

Wengine husema huu ni mchezo wa watoto, na mtu mwenye ndevu hawezi kuonekana akicheza na vifuko. Twawauliza: aliyechora daraja kabla ya kulijenga, hakucheza? Anayejifunza ishara za njia kwa kuhamisha vibehewa vya mbao mezani, acheza? Aibu ni kutia sahihi karatasi usiyoielewa.

Wengine husema siku hizi simu hufanya hesabu zote. Ni kweli kwamba simu hugawa upesi kuliko sisi. Siku ile ya bahasha tuligawa kwa simu. Lakini simu haikutuambia tugawe kwa 64 wala kwa 57. Haijui kwamba Jumapili yako ni saa mbili mbili, wala kwamba 250 zilikatwa. Kupanga hesabu ni kazi ya mwenye jasho. Simu ni karani tu, nayo yampasa karani aambiwe la kuandika.

Wengine husema kazi ya chama ni kudai mishahara, masomo ni ya serikali na misheni. Sisi twaona kwamba mambo hayo hayatengani. Wawakilishi wetu wakienda mezani na waajiri, upande wa pili huja na watu waliosoma na karatasi zilizojaa namba. Sisi tukirudi huwaambia wanachama, "Tumepata nyongeza," nao hupiga makofi. Wangapi kati ya waliopiga makofi waweza kukaa chini na kuonyesha nyongeza hiyo ni kiasi gani kwa saa, baada ya makato kuongezeka nayo? Chama cha watu wasioweza kuzihakikisha hesabu zao hutegemea uaminifu wa viongozi peke yake. Twawaamini viongozi wetu, lakini kiongozi mwema hufurahi kukaguliwa.

Kwa hiyo twatoa maombi manne kwa halmashauri ya tawi.

Kwanza, kila tawi liwe na mizani moja, vifuko kumi na vizibo mia. Vyote vyaweza kupatikana kwa mchango mdogo, na wanachama wenyewe watavitengeneza.

Pili, pawe na saa moja ya somo jioni mbili kila wiki, katika nyumba ya mikutano au chini ya mti. Watu wa zamu wasisahauliwe: somo la jioni lirudiwe asubuhi kwa wale wanaotoka kazi ya usiku.

Tatu, wake zetu na watoto wetu waruhusiwe. Yule mama wa maharagwe aliona kwa mara moja tulichokihangaikia nusu saa, kwa kuwa yeye hushika mizani kila siku na wateja hujaribu kumdanganya kila siku. Tumekwisha kumwomba awe mwalimu msaidizi, naye amekubali kwa sharti kwamba maharagwe yarudishwe.

Nne, kila mwanachama awe na daftari dogo la saa zake. Aandike kila siku, jioni ile ile, kabla ya kula: saa kavu ngapi, ovataimu ngapi, siku ya mapumziko ngapi, na makato. Daftari hilo ndilo upande mmoja wa mlinganyo. Bahasha ni upande wa pili. Mwisho wa mwezi twende tukaone kama ufito unatulia.

Ukitulia, tumshukuru mwajiri na turudi kazini. Usipotulia, tutakuwa na karatasi ya kumwonyesha, yenye mistari michache na namba zisizoweza kubishiwa. Huenda karani amekosa tu, kama binadamu wote. Lakini kosa lisilogunduliwa hulipwa na mtu, na mpaka sasa mtu huyo tumekuwa sisi.

Ni sisi wenzenu,
WAFANYAKAZI WA GENGE LA NJIA